Tanzania na Zambia Zilipovutana juu ya Njia ya Kusini

Mtu akisimama stesheni ya Ifakara anaona reli inakwenda pande mbili. Upande mmoja inakwenda Mang'ula, Kidatu, mpaka Dar es Salaam. Upande wa pili inakwenda Mlimba, Makambako, Mbeya, Tunduma, halafu inavuka mpaka na kufika Kapiri Mposhi katika nchi ya Zambia. Urefu wake wote ni kilomita 1,860. Hii ndiyo TAZARA, ambayo wengi huiita Reli ya Uhuru.

Sisi watu wa bonde la Kilombero tuliizoea reli hii kwa mambo yetu. Ilibeba magunia ya mpunga, mikungu ya ndizi, kuku ndani ya matenga, na akina mama waliokwenda kuuza samaki. Kulikuwa na treni fupi ambayo watu waliiita Kipisi, maana ilikuwa ni kipande tu cha treni. Lakini reli haikujengwa kwa ajili ya ndizi wala mpunga. Ilijengwa kwa sababu ya shaba ya Zambia, na kwa sababu ya ugomvi uliokuwa mbali sana na hapa, katika nchi iliyoitwa Rhodesia. Leo nchi hiyo inaitwa Zimbabwe.

Vita vya Rhodesia vilifanya Tanzania na Zambia ziwe ndugu. Baadaye vita hivyohivyo vilifanya ndugu hao wavutane. Mwaka 1978 mvutano huo ulikuwa mkubwa, na reli yetu ilikuwa katikati. Tunataka kueleza jambo hili lilivyokuwa.

Kwanza, uhusiano wa kibalozi ni nini?

Nchi mbili zikiwa na maelewano, kila moja humpeleka mtu wake akae katika nchi ya mwenzake. Mtu huyo huitwa balozi. Kazi yake ni kusema kwa niaba ya serikali yake, na kusikiliza yanayosemwa huko. Usimchanganye na balozi wa nyumba kumi, ingawa kazi zao zinafanana kidogo: wote wawili ni watu wa kupeleka na kuleta maneno.

Nchi zikigombana sana, balozi hufunga mizigo yake na kurudi kwao. Hapo tunasema uhusiano wa kibalozi umevunjika. Lakini nchi zinaweza kugombana bila kufika huko. Ni kama majirani wawili shambani. Wanaweza kununiana, wasisalimiane vizuri, hata wakasemana kwa watu, lakini bado wanachota maji katika kisima kimoja.

Tanzania ilikwisha kuonja aina zote mbili. Tarehe 11 Novemba 1965 walowezi wa Rhodesia, wakiongozwa na Ian Smith, walijitangazia uhuru wao wenyewe. Walowezi maana yake ni wageni waliokuja kukaa na kuchukua ardhi. Walikuwa wachache sana kuliko Waafrika wenye nchi, lakini walitaka kuitawala peke yao. Rhodesia ilikuwa koloni la Uingereza. Kwa hiyo Afrika iliitaka Uingereza iwazime waasi hao. Umoja wa Nchi Huru za Afrika, yaani OAU, ulisema: ikiwa Uingereza haikufanya hivyo mpaka tarehe 15 Desemba, nchi za Afrika zivunje uhusiano nayo. Siku hiyo ilipofika, nchi nyingi zilinyamaza kimya. Tanzania ilikuwa miongoni mwa zile chache zilizotimiza neno. Uingereza nayo ikazuia mkopo wa pauni milioni 7.5 uliokuwa uje kwetu. Fedha hizo zilikuwa nyingi kwa nchi changa. Uhusiano ulirudi mwaka 1968.

Mwaka huohuo wa 1968, mwezi wa Aprili, Tanzania iliitambua Biafra, jimbo lililokuwa likipigana ili lijitenge na Nigeria. Nigeria ilikasirika, ikavunja uhusiano na sisi. Miaka michache baadaye Nigeria na Tanzania zilikuwa tena bega kwa bega katika mambo ya ukombozi. Kwa hiyo msomaji asifikiri kwamba nchi zikigombana ndio mwisho wa dunia.

Zambia na shaba yake

Sasa tuje Zambia. Nchi hii haina bahari. Utajiri wake mkubwa ni shaba, na shaba ni mzigo mzito. Lazima ipite katika nchi za wengine mpaka ifike kwenye meli. Wakoloni walijenga njia ya shaba kwenda kusini, kupitia Rhodesia. Basi Zambia ilipopata uhuru mwaka 1964, ilikuta mlango wa nyumba yake uko mikononi mwa watu wasiomtaka Mwafrika. Mwenye nyumba hana ufunguo!

Zambia ilikuwa na njia nyingine ya magharibi. Ni reli ya Benguela, inayopita Kongo na Angola mpaka bandari ya Lobito. Lakini Angola nayo wakati ule ilikuwa chini ya Wareno. Njia ya kwenda Dar es Salaam ilikuwa barabara mbaya ya vumbi na matope, na malori mengi yaliharibika njiani. Baadaye bomba la mafuta la TAZAMA lilitandazwa kutoka Dar es Salaam mpaka Ndola, likaanza kazi mwaka 1968. Bomba linapitisha mafuta, halipitishi shaba.

Mwalimu Julius Nyerere na Rais Kenneth Kaunda walitafuta wa kuwajengea reli. Benki ya Dunia ilisema haitakuwa na faida. Nchi za Magharibi hazikutaka. China ilikubali. Mkataba uliwekwa sahihi Beijing mwezi wa Septemba 1967. Ulikuwa mkopo usio na riba, yaani unarudisha ulichokopa tu. Ujenzi ulianza mwaka 1970.

Watu wazima wa huku bado wanasimulia. Maelfu ya Wachina na maelfu ya Watanzania na Wazambia walifanya kazi pamoja. Mang'ula palikuwa na kambi kubwa na karakana. Kazi ngumu kuliko zote ilikuwa kutoka Mlimba kwenda Makambako. Mlimba iko chini bondeni, na Makambako iko juu, zaidi ya mita 1,600 kutoka usawa wa bahari. Hapo milima ilitobolewa mahandaki, na makorongo yalijengewa madaraja, moja baada ya jingine, katika kilomita zipatazo 160. Treni za majaribio zilianza mwaka 1975, na reli ilikabidhiwa rasmi kwa serikali mbili mwezi wa Julai 1976. Tanzania nusu, Zambia nusu.

Kumbuka pia kwamba wakati wa ujenzi Wareno walikuwa bado wanapigana na FRELIMO huko Msumbiji, ng'ambo ya mto Ruvuma. Kwa hiyo vijiji vya ujamaa viliwekwa kandokando ya reli, na wanakijiji walitakiwa kuilinda. Vita vilikuwa mbali, lakini mlinzi wa daraja alikuwa mkulima wa hapahapa.

Mlango wa kwanza wafungwa

Mwezi wa Januari 1973 Ian Smith aliufunga mpaka wake na Zambia. Alisema Zambia inawapokea wapigania uhuru. Alidhani Zambia itapiga magoti. Baada ya wiki chache akasema, haya, nafungua. Kaunda akajibu kwamba sasa ni yeye anayefunga. Tunaona huo ulikuwa ushujaa wa kweli, maana TAZARA ilikuwa bado haijafika. Shaba yote iligeuzwa, nyingi ikapitia Benguela.

Kisha Angola ikawaka moto. Wareno waliondoka Novemba 1975, na vyama vitatu vilikuwa vinagombea nchi: MPLA ya Agostinho Neto, FNLA ya Holden Roberto, na UNITA ya Jonas Savimbi. Jeshi la Makaburu wa Afrika Kusini liliingia kuwasaidia wapinzani wa MPLA. Wacuba wakaja kuisaidia MPLA. Tangu Agosti 1975 treni za kimataifa hazikupita tena Benguela.

Hapa ndipo Tanzania na Zambia zilipoanza kutazamana kwa jicho jingine. Tanzania iliitambua serikali ya MPLA mwezi wa Desemba 1975. Zambia ilikataa. Ilitaka vyama vyote vitatu vikae katika serikali moja. Je, Zambia ilikuwa inawapenda Makaburu? La hasha. Zambia ilikuwa inafikiria reli ya Benguela, ambayo ilipita katika sehemu za nchi zenye watu wa Savimbi. Ilitaka vita viishe upesi, kwa namna yoyote, ili shaba ipite. Mwezi wa Januari 1976 wakuu wa nchi za OAU walikutana Addis Ababa. Nchi 22 ziliiunga mkono MPLA, nchi 22 zilitaka serikali ya pamoja, na Ethiopia na Uganda hazikuegemea upande. Afrika iligawanyika katikati kama nazi. Tanzania upande huu, Zambia upande ule. Hata China, aliyetujengea reli, alikwisha kuisaidia FNLA, ambayo sisi hatukuitaka. Mambo ya urafiki wa nchi hayanyooki kama reli!

Mwezi wa Aprili 1976 Zambia nayo iliitambua serikali ya Neto. Ugomvi huo uliisha. Lakini reli ya Benguela haikufunguka, kwa sababu UNITA iliendelea kupigana msituni. Zambia ikabaki na mlango mmoja mkubwa tu: reli inayopita Ifakara.

Mlango wa pili wabana

Mzigo wa nchi nzima ukaja juu ya TAZARA na bandari ya Dar es Salaam. Bandari ikajaa. Meli zilingoja nje kwa muda mrefu kabla ya kupakua. Shaba ilirundikana, na mali ya Zambia ililala bandarini.

Reli nayo ilikuwa na matatizo. Injini zake za kwanza hazikuwa na nguvu za kutosha kwa ule mlima wa Mlimba na Makambako. Ziliharibika mara kwa mara, na vipuri vilitoka mbali. Reli ilikusudiwa kubeba tani milioni 2 za mizigo kwa mwaka. Haijawahi kuzifikia.

Mambo yakiharibika, watu hulaumiana. Wazambia walisema: Watanzania wanachelewesha mizigo yetu bandarini na wanatutoza gharama kubwa. Watanzania walisema: Wazambia wanakaa na mabehewa huko kwao bila kuyapakua na kuyarudisha, nasi tutatumia nini? Ukweli ni kwamba wote wawili walikuwa na haki kidogo. Behewa likikaa wiki tatu Zambia, shaba inangoja. Mbolea ikikaa mwezi mzima bandarini, mkulima anangoja.

Mbolea ndiyo iliyomaliza uvumilivu. Mkulima wa Kilombero hahitaji kufundishwa jambo hili. Mvua haimngojei mtu. Mbolea ikifika mahindi yakiwa yamekwisha kubeba, ni kama dawa inayoletwa mgonjwa akiwa amekwisha kuzikwa. Nchini Zambia mvua za kupandia huanza Novemba. Mwaka 1978, mwezi wa Oktoba, mbolea ya msimu ilikuwa bado imekwama katika bandari za nje. Bei ya shaba ilikuwa imeanguka tangu katikati ya miaka ile, na hazina ya Zambia ilikuwa karibu tupu. Tarehe 6 Oktoba 1978 Rais Kaunda alitangaza: Zambia itatumia tena njia ya kusini kupitia Rhodesia.

Mvutano wenyewe

Ili kuelewa uchungu wa Tanzania, lazima tujue mambo mawili.

La kwanza ni vikwazo. Umoja wa Mataifa ulikwisha kuamua kwamba nchi zote zisifanye biashara na Rhodesia. Msumbiji, baada ya kupata uhuru, ilifunga mpaka wake na Rhodesia mwezi wa Machi 1976. Ilipoteza fedha nyingi za bandari na reli, na ndege za Rhodesia zilikuwa zinawaua watu ndani ya Msumbiji. Sasa fikiri Rais Samora Machel alijisikiaje aliposikia kwamba treni za Zambia zitamlipa Smith nauli.

La pili lilitokea miezi miwili nyuma yake. Tanzania, Zambia, Msumbiji, Botswana na Angola zilikuwa katika kundi moja, Nchi za Mstari wa Mbele, na Mwalimu Nyerere alikuwa mwenyekiti wake. Walikuwa wamekubaliana kukisaidia chama cha pamoja cha wapigania uhuru, Patriotic Front. Ndani yake walikuwamo wawili: ZAPU ya Joshua Nkomo, ambayo makao yake yalikuwa Zambia, na ZANU ya Robert Mugabe, ambayo ilikuwa Msumbiji. Mwezi wa Agosti 1978 Ian Smith alikwenda Lusaka kwa siri kuonana na Nkomo. Kaunda alijua. Mugabe hakuwamo. Habari zilipojulikana, Nyerere na Machel walikasirika sana. Waliona kwamba Smith anataka kumchukua mmoja na kumwacha mwingine, ili wapigania uhuru wapigane wao kwa wao. Viongozi walikutana Lusaka mwanzoni mwa Septemba, na maneno yalikuwa makali.

Basi, kabla jeraha hilo halijapona, likaja la njia ya kusini. Tanzania haikuficha kwamba haikupenda. Kumbuka kwamba tuliikopea reli hii fedha nusu kwa nusu, kusudi Zambia isimtegemee Smith. Wengine waliuliza: sasa tulijenga ya nini?

Sisi tunasema hivi. Zambia ilikuwa na shida ya kweli. Watu wake walihitaji chakula, na serikali isiyolisha watu haidumu. Waliomlaumu Kaunda kwa maneno makali hawakuwa wamefungiwa milango miwili kwa wakati mmoja. Na sisi wenye bandari tulikuwa na sehemu yetu ya lawama. Lakini kumpa adui kamba ni jambo la hatari, hata kama unampa kwa sababu ya njaa. Yaliyofuata yalionyesha hivyo.

Tarehe 19 Oktoba 1978, siku 13 tu baada ya tangazo, ndege za Rhodesia zilipiga kambi ya wapigania uhuru karibu na Lusaka. Wakimbizi wengi waliuawa. Biashara ilikuwa inapita darajani, na mabomu yalikuwa yanapita angani.

Mwaka uliofuata ukawa mbaya zaidi. Oktoba 1979 askari wa Rhodesia waliingia kwa siri kaskazini mwa Zambia na kulipua daraja la TAZARA katika mto Chambeshi. Hivyo vita vya mbali viliifikia reli yetu wenyewe. Unaona hesabu yao? Waliukata mlango wa Dar es Salaam, ili Zambia ibaki na mlango wa kusini peke yake. Kisha mwezi wa Novemba, Zambia ikiwa na upungufu mkubwa wa mahindi, serikali ya Salisbury ilizuia mahindi yaliyokuwa yanapita kwa treni kwenda Zambia. Yaani kile ambacho Nyerere na Machel walikihofia mwaka 1978 kilitokea mwaka 1979.

Kwa nini hawakuachana?

Pamoja na yote hayo, balozi wa Tanzania hakuondoka Lusaka, na balozi wa Zambia hakuondoka Dar es Salaam. Tulivunja uhusiano na Uingereza mwaka 1965. Mbona hatukuvunja na Zambia?

Sababu moja ni urafiki wa viongozi. Nyerere na Kaunda walijuana tangu siku za kudai uhuru. Waliweza kuambiana neno chungu na kesho yake wakasalimiana.

Sababu nyingine ni reli yenyewe. Injini ikitoka Ifakara inakwenda mpaka Zambia, na dereva lazima apokewe. Kila siku kulikuwa na mambo ya kuamua pamoja: mabehewa, mishahara, mafuta, deni la China. Mawaziri wa nchi mbili walilazimika kukaa meza moja, wapende wasipende. Uingereza iko mbali, unaweza kuinunia miaka mitatu. Mtu ambaye mmenunua naye ng'ombe mmoja huwezi kumnunia hivyo, maana ng'ombe anataka kukamuliwa asubuhi.

Tena, mwisho wa Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin yalivamia Kagera. Tanzania ikawa na vita vyake nyumbani, na haikuwa na nafasi ya kugombana na jirani wa kusini. Hapo tulijifunza kidogo uzito uliokuwa juu ya Zambia na Msumbiji, wa kupigwa ndani ya mipaka yako.

Vita vya Rhodesia viliishia mezani. Mwezi wa Agosti 1979 nchi za Jumuiya ya Madola zilikutana Lusaka, na hapo njia ya mazungumzo ikafunguka. Mkataba uliwekwa sahihi London tarehe 21 Desemba 1979. Zimbabwe ilipata uhuru tarehe 18 Aprili 1980. Siku chache kabla yake, tarehe 1 Aprili 1980, nchi tisa zilikuwa zimekutana tena Lusaka na kuanzisha SADCC, umoja wa kushirikiana katika uchumi. Shughuli yake kubwa ya mwanzo ilikuwa reli, barabara na bandari, ili nchi isiyo na bahari isifungiwe tena na Makaburu. Tanzania, Zambia na Msumbiji zote zilikuwamo.

Daraja la Chambeshi lilijengwa upya na treni zikapita. Lakini mizigo mingi iliyokwisha kuzoea njia ya kusini haikurudi TAZARA, na Makaburu walipoondoka madarakani mwaka 1994 sababu ya kuikwepa njia hiyo haikuwapo tena. Reli ikachakaa. Stesheni ndogo za bondeni zikapoa, na wafanyabiashara wa ndizi na mpunga ndio waliosikia baridi hiyo kabla ya wengine.

Mwezi wa Septemba 2024, huko Beijing, serikali za Tanzania, Zambia na China ziliweka sahihi makubaliano ya kuifufua TAZARA, mbele ya Rais Samia Suluhu Hassan, Rais Hakainde Hichilema na Rais Xi Jinping. Desemba ya mwaka huohuo Rais Joe Biden wa Marekani alikwenda Angola, akafika Lobito, kuizungumzia reli ileile ya Benguela ambayo Marekani inataka itengenezwe. Safari hii wanaovutana juu ya shaba ni wakubwa wenyewe, na njia mbili wanazozitazama ni zilezile za mwaka 1975: moja inakwenda Lobito, na nyingine inapita hapa kwetu, kati ya Mlimba na Kidatu.